Nyumba Isiyoufukuza Mti

Columbus, Jumapili alasiri, Septemba 2015

Neema wangu,

Mambo ya sweta, dawa, pasipoti na nani wa kumpigia simu ukifika, mama yako ameshayasema mara saba, na mara ya saba ulikuwa unayasema pamoja naye. Mimi nayaruka. Sasa hivi mko kwa shangazi yako mnaagana, nami nimebaki peke yangu na nyumba. Nimekaa, nimesimama, nimechemsha chai nikaisahau. Karatasi tatu nimeshazichana kwa sababu zote zilianza na mawaidha, na leo sina haki ya kumpa mtu mawaidha kabla sijasema lililonileta mezani.

Basi nalisema mapema, nisije nikapata upenyo wa kukimbia. Asubuhi umesimama kanisani ukatoa ushuhuda wako wa kuaga. Ukawaeleza watu habari ya ule mti wa Louisville, jinsi ulivyorudi kutoka shuleni ukakuta mwenye nyumba wetu ameukata bila kutuuliza, na jinsi siku ile ilivyokufanya usomee kujenga nyumba zisizofukuza miti, mpaka leo Wajapani wanakuita ukajifunze kwao. Watu wakapiga makofi. Mimi nilikuwa kiti cha mbele, nikasema Amina kwa sauti kubwa kuliko wote. Neema, mzee yule mwenye nyumba hakuukata ule mti. Niliukata mimi.

Usiiweke chini barua. Kasirika, lakini kasirika huku unasoma. Kiswahili changu hiki ni cha shule ya kambi ya wakimbizi Kigoma, na unapenda kukicheka, ila najua unakisoma.

Unakumbuka Aprili, ulipokuwa unachoma mbao za kazi yako ya chuo nyuma ya nyumba? Nilitoka mbio nikidhani moto umekuponyoka. Nikakukuta umechuchumaa na ule mtungi wa gesi wenye mdomo wa moto, unababua mbao mpya kabisa, mbao ambazo mimi mwenyewe nilikuchagulia dukani, moja moja, nikizikodolea jicho kama zimepinda. Nikakuuliza kama chuo kinakufundisha kujenga au kuteketeza. Ukanijibu bila kuinua kichwa kwamba Wajapani wanachoma mbao za ukuta tangu zamani, kwamba zikishakuwa nyeusi haziozi upesi wala wadudu hawazipendi, na kwamba wasanifu wao wa siku hizi wameirudia kazi hiyo kwa sababu ukuta kama ule unazeeka vizuri mbele ya msitu.

Nikaziinamia mbao, ukadhani umenishinda. Kilichoniinamisha ni harufu. Babu yako kule milimani, kabla ya kusimika nguzo ya nyumba, aliilaza motoni upande wa chini mpaka ikawa mkaa kwa nje. Akaigeuzageuza, akaigonga na mgongo wa panga kusikiliza, ndipo akaishusha shimoni. Udongo wetu ni wa maji mwaka mzima. Nguzo isiyochomwa haimalizi miaka mitatu. Mimi nilikuwa namshikia. Kazi hiyo sikuwa nimeikumbuka tangu tuvuke ziwa, na sasa naikuta uani Ohio, mikononi mwa binti yangu, anaiita ya Kijapani.

Nikakunyang'anya mtungi. Nikakuambia ubao wako hujauchoma, umeutisha tu. Tulifanya kazi mpaka jioni, mimi nikichoma, wewe ukisugua masizi kwa brashi ya waya, na mama yako akisema dirishani kwamba sasa amepata vichaa wawili. Katika maisha yetu yote hiyo ndiyo siku pekee mimi na wewe tumejenga kitu pamoja. Nilifurahi mpaka nikaogopa.

Baada ya kunawa ukanifungulia kompyuta ili nione mifano ya tulichokuwa tunakijenga. Picha ya kwanza ilikuwa nyumba nyembamba iliyobanwa katikati ya mji, na katikati yake hapana paa. Mwenyewe akitoka chumbani kwenda jikoni lazima apite chini ya mbingu, na mvua ikinyesha anachukua mwavuli ndani ya nyumba yake. Nikakuambia huyo fundi alishindwa kununua mabati. Ya pili, paa lilikuwa limekatwa duara ili mti mzee upite katikati ya sebule na kuendelea na safari yake. Ya tatu ilikuwa ya vioo vitupu, na ukisimama chumba cha kwanza unauona mti wa nje kupitia vyumba vitatu. Ukanionyesha pia ule ukingo wa mbao chini ya paa, kati ya chumba na bustani, mahali pa kukaa ambapo hujawa ndani wala hujawa nje. Hapo nikacheka. Nikakuambia hiyo ni baraza, wangetuuliza sisi tungewaeleza.

Mimi ni mtu wa kuezeka. Ujana wangu wote nilikuwa juu ya mapaa ya watu, na kazi yangu ilikuwa moja tu, kuzuia maji. Kwa hiyo nikakuuliza lile ambalo fundi yeyote angeuliza.

"Na mvua?"

"Papa, pale mvua iko na ruhusa ya kuingia."

"Na mwizi je? Naye iko na ruhusa?"

Ukacheka. Kisha ukahamia Kiingereza kama unavyofanya ukitaka nikusikilize kwa makini. Ukaniambia watu wa nchi ile wana matetemeko ya ardhi, wana tufani kila mwaka, wana bahari inayopanda ikachukua vijiji vizima na watu wake. Hakuna wa kuwafundisha ukali wa ardhi na maji. Na bado, wakijenga, wengine wao wanaiachia dunia nafasi ndani ya nyumba. Nikasimama nikaenda kunywa maji, wala sikuwa na kiu.

Sasa nikuambie kwa nini. Hili hata mama yako analijua nusu tu.

Nyumba yetu ya milimani niliijenga mwenyewe, nawe ulizaliwa humo. Nyuma ya jiko kulikuwa na mianzi mingi, mirefu, imegusa ukuta. Kaka yangu Yeremiya, baba yako mkubwa, aliniambia niikate. Alisema hizi si siku za kuwa na kichaka mlangoni, siku hizi watu wenye bunduki wanatembea. Nami nikambishia kwa kiburi cha fundi. Nilisema mianzi inakata upepo, jiko halivuti moshi ndani, na isitoshe naipenda sauti yake. Nilisema hivyo hasa, kwamba naipenda sauti yake.

Walikuja kupitia mianzi. Hakuna aliyewaona mpaka walipokuwa wameshika mlango wa jiko, na Yeremiya ndiye aliyekuwa jikoni. Alikuwa amekuja kutuletea maziwa. Mimi, mama yako na wewe mgongoni mwake tulitorokea upande wa mbele. Sitakuandikia zaidi ya hapo.

Majuto ni mjukuu, wanasema, lakini yangu sikuyalea kama mjukuu. Niliyafanya mlinzi. Tangu siku ile kila mahali tulipolala nilifyeka. Kambini nilifyeka nyasi kuzunguka hema letu mpaka udongo mtupu, majirani wakanicheka kwamba nafungua uwanja wa mpira. Tulipofika huku, kwanza Buffalo, nikashukuru Mungu, maana kulikuwa na theluji tu na barabara, hakuna kitu cha kumficha mtu. Huko watu wanabandika plastiki madirishani wakati wa baridi, nami nilijua kazi hiyo vizuri kuliko wao, nani angenifundisha kubandika plastiki, mimi niliyeishi chini ya shitingi kambini? Niliziba kila dirisha. Ila wenzetu wanabandua baridi ikiisha. Mimi nilikuwa nakwenda kiwandani Tonawanda na kurudi, Aprili ikapita, Juni ikapita, na plastiki ipo. Ulikuwa unabonyeza kidole pale ilipovimba ili usikie upepo, nami nikakugombeza. Mpaka Julai, mama yako aliposhika kisu akazichana zote.

Kisha Louisville. Ile nyumba ya mbao yenye baraza mbele ilikuwa nzuri, nami niliichukia tangu siku ya kwanza kwa ajili ya ule mti. Wewe uliupenda tangu siku ya kwanza kwa sababu ileile. Tawi lake lilifika dirishani kwako, na kila Oktoba chumba chako kilikuwa chekundu kwa majani yake. Ulikuwa unafanyia masomo pale chini, umeegemeza mgongo shinani, na ukaniomba nikutengenezee kiti kidogo cha kuweka pale. Sikukitengeneza. Nilisema sina muda.

Nilikuwa nafanya kazi kwenye ghala Jeffersontown, zamu ya usiku, na nyinyi mlilala peke yenu. Upepo ukivuma, lile tawi lilikuwa linakwaruza ukuta. Mimi nilikuwa maili nyingi kutoka hapo, nasukuma maboksi, lakini nalisikia. Nilipiga simu nyumbani kila mapumziko kumuuliza mama yako kama amefunga. Msimamizi akanionya mara mbili. Ndipo asubuhi moja nikaazima msumeno wa injini kwa jirani, nawe uko shuleni.

Uliniwia mgumu ule mti. Ulianguka karibu saa sita mchana, na nilipouona umelala nikasubiri nafuu ije. Haikuja. Nuru iliingia chumbani kwako kwa nguvu mpaka nikaona kila ulichokuwa umekichora ukutani, na vingi vilikuwa ni ule mti. Mama yako alitoka akasimama barazani akiwa na kitambaa cha jikoni mkononi.

"Baba Neema, ule muti ulikukosea nini?"

Nikaanza kukusanya matawi. Saa tisa basi la shule likakushusha. Ulisimama barabarani na begi lako, ukaniuliza kwa Kiingereza ni nani aliyeukata. Ulikuwa na miaka kumi na minne na uso wako ulikuwa wa mtu aliyefiwa. Nilikuwa nimeshanawa mikono, nimebadilisha shati. Nikasema ni mwenye nyumba. Neno lenyewe lilitoka kwa urahisi wa ajabu, na nililisikia kama vile mtu mwingine amelisema, mtu mwema anayenisaidia.

Usiku wake mama yako akaniambia, "Wewe mwenyewe njo utamuambia. Miye sitaki kuwa mu ile maneno." Amelishika neno lake miaka minane. Usimgombeze yeye.

Yule mzee alikuja Jumamosi kama kawaida yake, na nyanya za bustani yake kwenye mfuko wa karatasi. Akakiona kisiki. Nilimfuata nikamwambia ni mimi, kwamba niliogopa, na Kiingereza changu kikaishia hapo. Hakupandisha sauti. Alisema mti huo ulipandwa na mke wake mwaka waliooana, na mke wake amekwisha kufariki. Wakati huohuo ukatoka ndani. Akakusalimu, na wewe uliyekuwa unamkimbilia kuchukua nyanya ukamgeuzia mgongo, ukambamizia mlango. Mzee akanitazama. Nikainamisha macho. Akaelewa, Neema, akaelewa kila kitu kwa mara moja: nimemsingizia nini, na kwa nini wewe umebadilika. Akaweka mfuko wa nyanya barazani akaondoka. Alikuja tena mara nyingi, kukagua bomba, kurekebisha mlango, na kila mara ulimpita kama nguzo, naye hakukuambia. Alinibebea. Mtu niliyemkatia mti wa mke wake alinibebea uongo ili nisiaibike mbele ya binti yangu.

Niliwaambieni tunahamia Columbus kwa sababu ya kazi nzuri. Kazi ilikuwa ileile. Nilikuwa siwezi tena kumtazama.

Wanasema njia ya mwongo ni fupi. Yangu imekuwa ndefu, na ubaya wake ndio huo, kwamba ilikuwa na muda wa kuzaa. Ulipoingia chuo nilidhani kisa cha mti kimekwisha. Kumbe kilikuwa kinakua. Ukaanza kunipeleka mtaa wa Clintonville Jumapili kunionyesha nyumba zilizojengwa ukingoni mwa mabonde, miti imezilalia. Wewe unaniambia tazama kivuli, mimi nahesabu ni tawi lipi litavunja paa lipi. Ukaandika barua ya kuomba nafasi Japani, ukanisomea jikoni ukinitafsiria, na mstari wa kwanza kabisa ulikuwa ule mti na yule mzee katili. Nilikuwa naosha sahani. Niliosha sahani moja mpaka ukamaliza kusoma. Ningeweza kusema hapo. Nikasema barua ni nzuri, uipeleke.

Sasa kesho unaondoka, na huko utaulizwa na walimu wako kwa nini unajenga hivi, nawe utawaeleza kama ulivyotueleza leo. Mimi ni fundi, najua maana ya kumwachia mtu apandishe ukuta huku unajua msingi una nini. Hilo ndilo linalonisimamisha kila nikikaa.

Sijui utakifanyia nini kisa hicho. Ni chako, hata kwa uongo wangu ni chako, maana machozi yalikuwa ya kweli. Naomba tu ufikirie neno moja, nalo si mawaidha, ni habari kutoka kwa aliyeshika msumeno. Miaka yote umekuwa unajenga dhidi ya mtu katili. Mimi sikuuchukia ule mti kwa ukatili. Nililia nikiukata. Watakaokuja kwako kesho na keshokutwa wakitaka nyumba hawatakuwa wakatili, wengi wao watakuwa watu kama mimi, waliopigwa na kitu fulani, wanaotaka ukuta bila dirisha na uwanja mtupu. Ukiwadharau, watakuitikia mbele yako, na ukiondoka watachukua msumeno. Kwa hiyo huko Japani, ukiingia katika zile nyumba za mti katikati, usitazame mti peke yake. Tafuta fundi alimfanyia nini mwenye nyumba hata akaweza kulala karibu nao. Uliza mlango unafungwaje. Uliza mtu anasikia nini upepo ukivuma. Aliyepigwa na tetemeko akakubali kuiachia dunia nafasi ndani mwake, kuna alichofanyiwa, hakuamka tu asubuhi akawa jasiri. Mimi sikufanyiwa, na sikujua kwamba naweza kuomba.

Jumamosi nitaendesha kwenda Louisville. Sijui kama mzee yu hai, wala kama bado ana ile nyumba. Nitagonga. Nimeshamwambia mama yako, akasema atanisindikiza lakini atabaki garini.

Barua hii nilipanga kukupa kesho uwanja wa ndege, uifungulie hewani, mahali ambapo huwezi kuniuliza swali na mimi siwezi kuuona uso wako. Nilijiona mwerevu. Kisha nikafika hapa nikaona ni kosa lilelile: bado nafyeka kuzunguka nyumba, nikihakikisha hakuna kitu kinachoweza kunikaribia. Hata wewe.

Gari limesimama nje, nasikia mama yako anakucheka kwa jambo fulani. Sitaipeleka uwanjani. Nakupa sasa hivi, mkononi, kabla ya chakula, na nitakaa mbele yako mpaka umalize. Swali lolote utakaloniuliza nitalijibu, na jina lolote utakaloniita, nitaitika.

Papa